Utamu wa Shambani: Matunda ya Kuchoma Nyumbani
Kijitabu cha afya kwa familia za Meru na Embu

Ukishuka kutoka Nkubu kuelekea Mitunguu, utaona mikungu ya ndizi imepangwa kando ya barabara ikingoja malori ya Nairobi. Kule Mbeere, kuanzia Siakago hadi Ishiara, kufikia Januari maembe huwa mengi kuliko wanunuzi, na mengine huozea chini ya miti. Makadamia ya Runyenjes na Imenti husafiri hadi ng'ambo. Sisi ni watu wa nchi ya matunda. Lakini simama dukani jioni uone watoto wa wenye mashamba hayo hayo wametumwa nini: biskuti, soda, peremende, pakiti ya juisi ya unga. Tunauza kilicho bora, tunanunua kilicho duni, na bei yake hasa tunakuja kuilipa hospitalini.

Uchunguzi wa kitaifa wa magonjwa yasiyoambukiza uliofanywa mwaka 2015 ulionyesha kwamba asilimia 94 ya watu wazima nchini Kenya hawafikishi vipimo vitano vya matunda na mboga kwa siku. Shirika la Afya Duniani linashauri angalau gramu 400, na hicho si kiasi kikubwa kwa mtu ambaye mgomba uko nyuma ya jikoni kwake.

Kwa hiyo tunaomba hivi: kabla mkungu haujapanda lori, kata chane moja ibaki nyumbani. Halafu mara moja au mbili kwa wiki, baada ya githeri au mukimo wa jioni, familia ile kitu kitamu kilichotoka kwenye makaa, bila hata kijiko kimoja cha sukari.

Kwa nini bila sukari

Ndizi inapoiva, wanga wake hugeuka sukari yenyewe. Moto unamalizia kazi hiyo: maji hupungua, nyama ya tunda inalainika, harufu inatoka na utamu unakolea. Kuongeza sukari juu yake ni kuuficha utamu wenyewe. Wapo wanaonyunyiza sukari ili iungue na kufanya gamba la kahawia. Tunawasihi waache, hasa mbele ya watoto, kwa sababu ulimi wa mtoto hujifunza mapema kiwango cha utamu utakaoudai maisha yake yote.

Mwaka 2015 Shirika la Afya Duniani lilitoa mwongozo kwamba sukari ya kuongezwa, pamoja na ile ya asali na juisi, isizidi asilimia 10 ya nguvu anayopata mtu kwa siku, na kwamba ni bora zaidi ikishuka chini ya asilimia 5. Kwa mtu mzima hiyo ni kama gramu 25, yaani vijiko sita vidogo. Anayekunywa vikombe vitatu vya chai, kila kimoja na vijiko viwili, amekwisha kufika hapo kabla hajaonja kitu kingine. Soda moja ya mililita 300 ina karibu vijiko vinane. Sukari iliyomo ndani ya tunda zima haihesabiwi humo, kwa kuwa inakuja na nyuzinyuzi zake na inaingia mwilini polepole. Ukilikamua tunda na kutupa makapi, hesabu inabadilika, hata kama juisi umeitengeneza mwenyewe.

Moto una hasara yake pia. Vitamini C hupungua kwa joto, kwa hiyo tunda la kuchoma lisichukue nafasi ya machungwa, mapera na pasheni zinazoliwa mbichi. Lakini kile kinachoyapa maembe na mapaipai rangi ya chungwa, ambacho mwili hukigeuza kuwa vitamini A, hustahimili moto vizuri zaidi, na mwili hukipokea sawasawa kikiliwa na mafuta kidogo. Ndiyo maana tunashauri kila tunda la kijitabu hiki liliwe na njugu, makadamia au parachichi. Vitamini A hulinda macho na humsaidia mtoto kupambana na maambukizi. Matone ya vitamini A yanayotolewa kwa watoto wa miezi 6 hadi 59, hasa wakati wa wiki za Malezi Bora mwezi wa Mei na Novemba, yaendelee kama kawaida. Chakula ni cha kuongezea juu yake.

Kuchagua tunda

Chagua ndizi iliyoiva hadi ganda likaanza kupata madoadoa ya kahawia. Muraru inafaa sana, ndizi sukari ndogo inafaa zaidi kwa watoto, na Kampala ni nzuri kwa aliye na njaa. Embe liwe limeiva lakini bado lina nguvu ukilibonyeza. Apple na ngowe huvumilia moto vizuri. Embe lililotobolewa na nzi wa matunda utalijua kwa kidonda kidogo kinacholegea, na ndani mna funza. Usilitupe shambani hivi hivi, maana funza watatoka humo wawe nzi wa msimu ujao. Lifukie kwenye shimo refu au ulifunge kwenye mfuko mzito na kuuacha juani.

Jihadhari na matunda yaliyoivishwa kwa kabaidi, ule unga wa kijivu wanaotumia mafundi wa kuchomelea vyuma. Ukilowa hutoa gesi inayolazimisha ganda kugeuka manjano haraka, na unaweza kuwa na mabaki ya aseniki na fosforasi, vitu visivyotakiwa kabisa kwenye chakula. Ndizi ya namna hiyo huwa ya manjano mwili mzima huku kikonyo kikiwa bado kibichi, haina harufu, na ukiimenya unakuta kiini kigumu. Moto hauondoi sumu hiyo.

Kuivisha nyumbani ni kazi nyepesi. Wazee walifukia ndizi shimoni zikiwa zimezungushiwa majani ya mgomba. Leo gunia safi linatosha: weka ndizi zilizokomaa, tia parachichi au pasheni chache zilizoiva katikati, funga, acha mahali penye joto siku tatu au nne. Tunda lililoiva hutoa hewa inayoamsha mengine.

Ndizi kwenye makaa

Nawa mikono kwa sabuni. Osha ndizi kwa maji safi ingawa utatupa ganda, kwa sababu kisu kinachopasua ganda chafu hubeba uchafu hadi ndani.

Usiweke ndizi kwenye moto unaowaka. Ngoja kuni au makaa yatulie hadi yafunikwe na jivu jeupe, na mkono wako ukiwa shibiri moja juu ya wavu uweze kuvumilia kwa kuhesabu hadi nne. Laza ndizi na ganda lake. Dakika za mwanzo ganda linageuka kahawia upande wa chini na kutoa harufu ya majani mabichi yanayoungua. Geuza. Likishakuwa jeusi pande zote utaona linavimba, mshono wa pembeni unapasuka, na maji mazito yanachemka kwenye ule ufa na kudondoka kwenye makaa yakilia. Harufu hapo inabadilika na kuwa ya utamu wa kahawia. Kwa ndizi ya kawaida hiyo ni kama dakika kumi. Ibonyeze kwa kijiko: ikiingia bila ubishi, imeiva.

Iache ipoe dakika tano, na hapa usiwe na haraka, kwa maana ndani yake joto hukaa kuliko unavyodhani na midomo ya watoto huungua hivi. Pasua ganda kwa urefu, liache liwe bakuli lenyewe. Kamulia ndimu kidogo, weka vijiko viwili vya mala, kijiko kimoja cha njugu zilizotwangwa na mdalasini wa kunyunyiza. Ndimu si pambo. Bila uchachu wake ndizi iliyoungua hukinaisha upesi.

Mala iwe ya maziwa yaliyochemshwa kwanza. Maziwa mabichi, hata yakigandishwa kwenye kibuyu, yanaweza kubeba vijidudu vya brusela, ugonjwa unaomwacha mtu na homa za kupanda na kushuka na maumivu ya viungo kwa miezi.

Embe na paipai

Kata mashavu mawili ya embe kando ya kokwa, yachanjechanje kwa kisu bila kutoboa ganda, uyaweke kwenye wavu ganda likiwa chini. Dakika saba au nane zinatosha. Kama unataka mistari ya kahawia juu, yageuze kwa dakika moja tu ya mwisho.

Paipai ni laini na halipendi wavu. Likate katikati, toa mbegu, kamulia ndimu ndani na kwaruzia tangawizi. Lifunge kwa jani la mgomba lililopitishwa kwanza juu ya moto ili lisikatike, uliweke kwenye sufuria nzito, funika, na uweke makaa machache juu ya mfuniko: moto juu, moto chini. Robo saa tu, nyumba nzima inajua unapika nini. Jani la mgomba tunalipenda kuliko karatasi ya aluminiamu, kwa sababu ni la bure, linatia harufu, na ndimu haibabui kitu kisichotakiwa kikaingia kwenye chakula.

Njugu ni lazima zichambuliwe

Hapa tunasisitiza. Mwaka 2004 mahindi yenye sumukuvu yaliwaua watu 125 kati ya 317 waliougua, wengi wao katika Makueni na Kitui, na Kitui ni ng'ambo tu ya Mbeere. Kuvu hiyo hiyo hupenda njugu. Zimwage kwenye uteo mchana kweupe, ondoa zilizosinyaa, zilizobadilika rangi, zilizovunjika na zenye ukungu, uzitupe mahali ambapo kuku na ng'ombe hawatazifikia. Ukitafuna njugu na ikawa chungu, iteme. Kukaanga hakuondoi sumu. Hifadhi njugu na makadamia zikiwa zimekauka vizuri, kwenye chombo kilichoinuliwa kutoka sakafuni.

Moto wenyewe

Choma nje au karibu na dirisha lililo wazi, hasa kama nyumbani yuko mjamzito, mtoto mchanga au mwenye pumu. Moto usiwashwe kwa plastiki, matairi wala mbao zilizopakwa rangi. Mifuko ya plastiki ilipigwa marufuku Agosti 2017 lakini vipande vyake bado vinaishia mekoni, na moshi wake hutua kwenye chakula.

Kuna baridi ya Julai huku Kianjokoma, Manyatta na Timau, inayomfanya mtu kubeba jiko la makaa hadi chumbani baada ya kupika. Tafadhali usifanye hivyo. Makaa yanayofifia hutoa gesi ya kaboni monoksaidi isiyo na rangi wala harufu, na waliolala hawaamki. Zima jiko nje, au liache huko huko.

Mtoto akiungua, mimina maji safi ya baridi juu ya kidonda kwa dakika 20, umvue nguo zisizogandamana na ngozi, kisha mfunike kwa kitambaa safi. Unga, dawa ya meno, mafuta na mayai huongeza madhara. Kidonda kikiwa kikubwa kuliko kiganja cha mtoto mwenyewe, au kikiwa usoni, mkononi au sehemu za siri, nenda kituo cha afya mara moja.

Nani ale kiasi gani

Mtoto chini ya miezi sita ni maziwa ya mama tu. Kuanzia miezi sita mpondee embe, paipai au ndizi ya kuchoma hadi iwe uji mzito, bila chumvi, bila sukari, na bila asali kabisa hadi atimize mwaka mmoja, kwa kuwa asali inaweza kuwa na vijidudu ambavyo tumbo la mtoto mchanga haliwezi kuvishinda. Njugu na makadamia nzima asipewe mtoto wa chini ya miaka mitano; humkaba koo. Mpe zilizosagwa laini.

Mwenye kisukari hakatazwi meza ya familia. Achague ndizi ambayo haijapata madoadoa, ale moja ndogo au nusu ya kubwa, pamoja na mala isiyo na sukari na njugu, na apunguze ugali au wali wa mlo huo. Wahudumu wa afya ya jamii waliokabidhiwa mikoba ya vifaa tangu Septemba 2023 wana kipimo cha sukari na cha shinikizo la damu. Mwombe wa kijiji chako akupime saa mbili baada ya kula, ujue mwili wako unaipokeaje ndizi. Mwenye ugonjwa wa figo amuulize daktari kwanza, maana ndizi na parachichi zina potasiamu nyingi.

Kilichobaki kikishachanganywa na mala kiliwe siku hiyo hiyo. Ndizi iliyochomwa ikabaki na ganda lake bila kupasuliwa hukaa hadi asubuhi mahali pa baridi, na inafaa kuwa ya saa nne shuleni, ikiwa na konzi ya njugu kwenye kopo lenye kifuniko.