Kidole Kimoja kwenye Injili, Kingine kwenye Manabii

Fungua 2 Wafalme sura ya 4, uende moja kwa moja hadi mistari mitatu ya mwisho. Nchi ina njaa. Mtu mmoja anafika kutoka Baal-shalisha akimletea Elisha mikate 20 ya shayiri, na Elisha anaagiza watu wapewe wale. Mtumishi wake anahoji: hiki kitawatoshaje watu 100? Elisha anarudia agizo lile lile. Watu wanakula, na chakula kinabaki.

Sasa nenda Yohana 6. Utakuta mikate mitano ya shayiri na samaki wawili, mwanafunzi anayehoji chakula hicho kitafaa nini kwa umati kama ule, watu wanakula, na mabaki yanakusanywa. Habari ya kulisha watu 5,000 imo katika Injili zote nne, ila ni Yohana peke yake anayetaja kwamba mikate ilikuwa ya shayiri. Kwa msikilizaji aliyekua akisomewa habari za Elisha, neno hilo lilitosha. Mikate imepungua kutoka 20 hadi 5, walaji wameongezeka kutoka 100 hadi 5,000, na hakuna aliyehitaji kumwambia kwamba aliyesimama pale ni mkuu kuliko Elisha.

Yohana haandiki popote katika sura hiyo kwamba anamkumbuka Elisha, na hilo ndilo jambo la kwanza la kuzingatia kwa yeyote anayetaka kuona jinsi Injili zilivyojengwa juu ya maandiko ya Kiyahudi. Wengi tumezoea kusimama pale tu mwandishi anaposema waziwazi kwamba andiko limetimia. Hapo ni mahali pazuri pa kuanzia, lakini sehemu kubwa ya kazi yao waliifanya kimyakimya, kwa kuisimulia habari ya Yesu kwa mpangilio na maneno ambayo wasikilizaji wao walikwisha kuyajua.

Vifaa unavyohitaji ni vichache. Biblia yenye marejeo pembeni au chini ya ukurasa inatosha kwa kuanzia, na ukipata itifaki ya Biblia utaweza kufuatilia neno moja, mfano "shayiri" au "nyikani", kila linapotokea. Weka daftari karibu. Jihadhari na hesabu ya Zaburi: Biblia za zamani za Kikatoliki zilifuata hesabu ya Kigiriki na Kilatini, kwa hiyo Zaburi ya 22 katika Union Version unaweza kuikuta huko kama ya 21.

Ukishapata rejeo, usisome mstari ule mmoja tu ukarudi. Soma kifungu kizima, hata sura nzima. Waandishi wa Injili hawakuwa na namba za sura wala mistari. Sura tunazotumia zinahusishwa na Stephen Langton, mwanzoni mwa karne ya 13, na mistari ya Agano Jipya ilitiwa namba na Robert Estienne mwaka 1551. Katika Marko 12:26 Yesu anawaelekeza wasikilizaji wake kwa kutaja tu habari ya kijiti, nao wanajua ni pale Musa alipoitwa. Kwa watu wa namna hiyo, maneno machache ya kifungu yalikiita kifungu chote. Mwanazuoni C. H. Dodd, mzaliwa wa Wales, alilitetea jambo hili katika kitabu chake cha mwaka 1952, na ingawa wapo wanaoona alilivuta mno, kama desturi ya kusoma sijaona inayozaa matunda kuliko hii.

Tena, ukisome kifungu kile kwanza kama vile Injili haijaandikwa. Hapa wengi wana haraka. Chukua Mathayo 2:15, ambapo kurudi kwa mtoto Yesu kutoka Misri kunaunganishwa na Hosea 11:1. Nenda kwa Hosea. Utaona kwamba nabii hatabiri kitu chochote pale. Anakumbuka yaliyopita: Mungu alimpenda Israeli alipokuwa mtoto, akamwita atoke Misri, lakini kadiri alivyozidi kuitwa ndivyo alivyozidi kuyafuata Mabaali. Endelea kusoma. Mungu wa Hosea ana hasira kama mzazi aliyedharauliwa, kisha moyo wake unageuka, anakataa kumwangamiza mwanawe. Ni moja ya sura zenye uchungu na upendo mwingi kuliko zote katika manabii, na anayeipita kwa kunyakua mstari wake wa kwanza tu amejinyima.

Je, Mathayo alikosea? Rudi kwake ukiwa na Hosea kichwani, kisha usome sura ya 2 hadi ya 4 kwa mfululizo. Mfalme Herode anaua watoto wa kiume, kama Farao. Mtoto anaokolewa. Anatoka Misri. Anapita majini Yordani. Anaingia nyikani siku 40, pale Israeli walipokaa miaka 40. Anajaribiwa mara tatu, na majibu yake matatu yote yanatoka Kumbukumbu la Torati sura ya 6 na ya 8, sura ambamo Musa anawakumbusha Israeli walivyojaribiwa jangwani. Mathayo anajua vizuri kwamba mwana katika Hosea ni taifa. Anachokisema ni kwamba safari ya taifa lile inatembewa upya na mtu mmoja, naye pale taifa lilipoanguka anasimama.

Kuna alama nyingine ndogo ambayo napenda kuwaonyesha watu. Katika Mathayo 2:20 malaika anamwambia Yusufu kwamba waliokuwa wakimtafuta mtoto wamekufa. Wamekufa, kwa wingi, ilhali mstari mmoja nyuma tumeambiwa aliyekufa ni Herode tu. Fungua Kutoka 4:19, Musa anapoambiwa arudi Misri, utauona wingi huo huo. Mathayo ameyabakiza maneno yavae umbo la habari ya Musa.

Baada ya kuona kinachofanana, geukia kinachotofautiana. Kwa maoni yangu hapa ndipo mwandishi wa Injili anaposema la kwake. Chora mstari katikati ya ukurasa wa daftari. Upande mmoja andika 1 Wafalme 17:8-24, upande wa pili Luka 7:11-17. Eliya anakutana na mjane kwenye lango la mji wa Sarepta. Yesu anakutana na mjane karibu na lango la mji wa Naini. Mwana amekufa katika habari zote mbili. Anafufuka, na tendo linalofuata katika zote mbili ni mtoto kukabidhiwa kwa mama yake, tena Kigiriki cha Luka hapo kinalingana neno kwa neno na tafsiri ya Kigiriki ya Wafalme. Mwishoni mjane wa Sarepta anamkiri Eliya kuwa mtu wa Mungu, na umati wa Naini unasema nabii mkuu ametokea. Luka mwenyewe alikwisha kumtaja mjane wa Sarepta katika sura ya 4, kwa hiyo hakuna shaka kwamba habari hiyo ilikuwa mbele yake.

Sasa tofauti. Eliya alikuwa mgeni aliyekula nyumbani kwa yule mama, na mama alimlaumu kwa msiba wake. Mjane wa Naini haombi kitu, wala halaumu. Eliya anambeba mtoto hadi chumba cha juu, anajinyosha juu yake mara tatu, anamlilia Bwana. Yesu anagusa jeneza na kusema na kijana. Halali juu yake, haombi. Na tazama Luka anamwitaje pale anapomwona mama yule na kumhurumia: anamwita Bwana. Jina ambalo Eliya alililia, Luka amempa yule anayesema na maiti njiani. Huwezi kuliona hilo kwa kusoma Luka 7 peke yake, hata ukirudia mara ngapi.

Jambo hilo hilo lifanye na Luka 4:18-19. Maneno anayosoma Yesu katika sinagogi la Nazareti ni ya Isaya 61, lakini ndani yake umo msemo kuhusu kuwaacha huru walioonewa unaotoka Isaya 58, sura inayokemea mfungo wa watu wanaodhulumu wafanyakazi wao. Kisha angalia anapoishia: katikati ya Isaya 61:2, kabla ya siku ya kisasi. Andika katika daftari kilichoongezwa na kilichoachwa, uendelee kusoma Luka 4 hadi mwisho wa tukio, uone jinsi watu wa Nazareti wanavyokasirika wanaposikia kwamba neema ilimfikia mjane wa Sidoni na Naamani Mshami.

Utakutana na marejeo yasiyolingana na kile unachokikuta kwenye Agano la Kale. Usiogope, wala usiharakishe kuyapatanisha kwa nguvu. Marko anaanza kwa kumtaja Isaya, lakini maneno yake ya kwanza yako karibu na Malaki 3:1 na Kutoka 23:20, ndipo linafuata la Isaya 40:3. Mathayo 27:9 inamtaja Yeremia, ilhali vile vipande 30 vya fedha na mfinyanzi vinatoka zaidi Zekaria 11. Kuunganisha maandiko kulikuwa kawaida. Mara nyingine tofauti inatokana na kwamba waandishi hawa waliandika Kigiriki na kutumia mara kwa mara tafsiri ya Kigiriki iliyoanzwa Aleksandria karne ya 3 kabla ya Kristo. Unaweza kuiona hata katika Biblia ya Kiswahili: kwa Isaya 40:3 njia ndiyo inayotengenezwa nyikani, kwa Marko, sauti ndiyo iliayo nyikani. Kwa Marko hilo lina uzito, maana mtu wake anayepaza sauti, Yohana Mbatizaji, yuko nyikani kweli, amejifunga mshipi wa ngozi kama Eliya wa 2 Wafalme 1:8.

Wala usidhani ni Wakristo waliobuni usomaji wa namna hii. Hati za Qumran, zilizoanza kupatikana karibu na Bahari ya Chumvi mwaka 1947, zinaonyesha Wayahudi wa jumuiya moja wakiutumia mstari huo huo wa Isaya kueleza kwa nini wameishi jangwani, na wakimsoma Habakuki kana kwamba aliandika habari za siku zao. Waandishi wa Injili walikuwa ndani ya mazungumzo ya Kiyahudi yaliyokuwa yakiendelea. Kwa hiyo unapofundisha, usiwaambie watu kwamba Wayahudi walishindwa kuyaelewa maandiko yao wenyewe. Hosea 11 ina maana kamili kwa msomaji wa Kiyahudi leo kama ilivyokuwa kabla Mathayo hajaigusa, na maneno ya dharau juu ya hilo yamewaletea Wayahudi madhara makubwa katika historia.

Ukitaka zoezi la kikundi, chukueni Marko 15 na Zaburi ya 22. Mmoja asome zaburi yote, hadi mwisho wake wa sifa. Mwingine asome kusulubiwa, na kila mtu ainue mkono anaposikia zaburi: mavazi yanagawanywa, vichwa vinatikiswa, kisha kilio cha kuachwa. Marko ameyapanga kinyume, kutoka mstari wa 18 kwenda wa 7 hadi wa 1, na hasemi hata mara moja kwamba ni zaburi. Siki anayonyweshwa inawapeleka Zaburi ya 69. Kisha someni Yohana 19, ambapo mwandishi anayanukuu maneno ya zaburi waziwazi kama andiko, na kuyatenganisha mavazi yaliyogawanywa mafungu manne na kanzu iliyopigiwa kura. Mtu atauliza: basi mambo haya yalitukia, au yalitungwa kutoka zaburini? Wataalamu wanatofautiana, na swali hilo ni la haki, lipeni nafasi yake. Ila lisifute swali la kwanza, yaani kwa nini Marko alichagua wimbo wa mtu anayeteseka kuwa lugha ya kusimulia kifo hiki.

Hatari ya mwisho inawapata hasa waliokwisha kunogewa: kuanza kuona mwangwi kila mahali. Mwanazuoni wa Kiyahudi Samuel Sandmel alilionya hilo katika hotuba yake ya mwaka 1961. Richard Hays wa Marekani baadaye alipendekeza vipimo vya kusaidia, navyo vinatumika hata bila Kigiriki. Je, maneno yanayofanana ni mengi au ni adimu, kama shayiri? Je, mwandishi anakirudia kifungu hicho mahali pengine, kama Luka na Sarepta? Je, kukijua kunaifanya habari ieleweke zaidi, au kunakufurahisha wewe tu? Mlima, maji na mchungaji vimejaa Biblia nzima. Kimoja peke yake hakithibitishi kitu.

Samaki 153 wa Yohana 21 ni mfano mzuri. Augustino alionyesha kwamba ukijumlisha namba 1 hadi 17 unapata 153, na wengine wametafuta andiko la kale nyuma ya hesabu hiyo. Hakuna kifungu kinachojitokeza kama vile Elisha anavyojitokeza katika sura ya 6. Ukifika mahali kama hapo, andika swali pembeni mwa daftari, uendelee na mstari unaofuata.