Kufundisha Maisha ya Jamaa za India kwa Majina ya Ukoo

Mwalimu afundishapo maisha ya watu wa nchi nyingine, ni rahisi kuwaonyesha wanafunzi mambo ya ajabu tu: mavazi, vyakula na sherehe. Watoto hucheka, kisha husahau. Yafaa aanze na jambo walijualo nyumbani kwao. Kwa jamaa za kaskazini ya India, majina ya ukoo katika lugha ya Kihindi ni mlango mzuri.

Hatua ya kwanza: Andika ubaoni maneno dada, kaka na mama. Wanafunzi wakisha kutoa maana zake, waeleze kuwa kwa Kihindi dada ni babu mzaa baba, kaka ni baba mdogo, na mama ni mjomba. Darasa litacheka. Liache licheke, kisha uliza: Je, mtoto wa India akiambiwa kuwa mama yetu ni mwanamke, hatacheka? Wanafunzi wakilijibu swali hilo kwa haki, dharau itaondoka.

Hatua ya pili: Chora jedwali. Tau ni baba mkubwa, bua ni shangazi, mausi ni ndugu wa kike wa mama mzazi. Kihindi, kama Kiswahili, hutenga ndugu wa baba na ndugu wa mama. Tena hutenga hata mababu: dada na dadi ni wazazi wa baba; nana na nani ni wazazi wa mama.

Hatua ya tatu: Onyesha kuwa jina hubeba wajibu. Katika sikukuu ya Raksha Bandhan, mwezi wa Julai au Agosti, msichana wa Kibaniani humfunga nduguye wa kiume uzi mkononi, naye humpa zawadi na kuahidi kumlinda. Msichana huyo akija kupata watoto, nduguye ndiye mjomba wao; na katika sehemu nyingi za kaskazini, siku ya arusi yao yeye huleta zawadi ziitwazo bhaat.

Tahadhari: Usiseme, "Wahindi wote hufanya hivi." Katiba ya India imeorodhesha lugha 22, na mila hutofautiana. Akiwamo darasani mtoto wa asili ya India, usimfanye kielelezo. Huenda kwao husemwa Kigujarati au Kipunjabi.

Zoezi: Kila mwanafunzi aandike sentensi tatu juu ya wajibu wa mjomba nyumbani kwao, kisha aulinganishe na ule aliojifunza.