SANDALI ZA KIKUNDI: KAGUA KWANZA, LIPA BAADAYE



Somo letu leo ni la wale wanaonunua sandali za ngozi na shanga kutoka kwa mafundi ili waziuze sokoni, kwa watalii au kwa wanunuzi wa ng'ambo. Kama kikundi chenu kinauza vikapu au sare za shule, msiruke ukurasa huu. Mali ni tofauti lakini njia ya kukagua ni ile ile.

Nianze na kisa. Kuna kikundi cha akina mama ambacho nimekitembelea kwa miaka mingi. Mwaka mmoja walitoa akiba yao wakaagiza jozi 200 za sandali kwa fundi wa jua kali. Akina mama wenyewe walishona shanga kwenye kanda. Kazi ya fundi ilikuwa kukata ngozi, kubandika soli na kuunganisha. Pesa yote walilipa siku ile ya kuagiza.

Mzigo ulipofika ulikuwa kwenye magunia, dereva anaharakisha, na mvua inakuja. Wakafungua gunia moja, wakatoa jozi mbili za juu. Zilikuwa maridadi kweli. Watu wakapiga makofi, mzigo ukapelekwa kwa mwenye duka.

Wiki tatu hazikuisha kabla ya malalamiko. Soli zinaachana na ngozi. Rangi inashika miguu. Msichana mmoja alidungwa kisigino na msumari. Mwenye duka akarudisha mzigo, na zaidi ya jozi 70 hazikuuzika tena. Ile pesa ilikuwa ya karo ya Januari. Mpaka leo kuna akina mama wawili pale ambao hawasalimiani.

Mimi pia nina lawama. Mmoja wao aliniuliza kama wafungue magunia yote. Nikamjibu, "Fundi ni mtu wetu, tusimwonyeshe kwamba hatumwamini." Nilikosea. Kukagua si kumtukana mtu. Hata mama yako mzazi akikupa noti, unazihesabu mbele yake, na hakasiriki. Basi tujifunze kuhesabu sandali jinsi tunavyohesabu noti.

1. ANZENI NA SAMPULI

Kabla ya kuagiza, fundi atengeneze jozi mbili zinazofanana kabisa. Mwanachama mmoja avae moja ya jozi hizo siku nzima: aende mtoni, apande kilima, asimame sokoni. Mguu utawaambia mambo ambayo macho hayaoni. Mkiona kasoro, fundi arekebishe, kisha atengeneze tena jozi mbili mpya.

Hizo mpya ndizo sampuli. Mwenyekiti na fundi watie sahihi chini ya soli. Jozi moja ibaki kwa fundi, nyingine ikae kwa katibu. Haivaliwi, haiuzwi, haiazimwi. Pamoja nayo muwe na karatasi yenye sahihi zote mbili inayosema: ngozi ni ya aina gani, rangi gani, soli ni ya nini na ina unene gani, imeshonwa au imebandikwa tu, saizi ngapi za kila namba, bei, na siku ya kuleta.

Sheria iko upande wenu hapa. Sheria ya Kenya ya Uuzaji wa Bidhaa, Sura ya 31, inasema mali ikiuzwa kwa sampuli, mzigo mzima lazima ulingane na sampuli hiyo, na mnunuzi apewe nafasi ya kuvilinganisha. Kwa hivyo yule dereva anayeharakisha hana haki ya kuwanyima nafasi hiyo.

2. MIKONO, MACHO NA PUA

Hamhitaji mashine. Mnahitaji meza, mwanga wa kutosha, kitambaa cheupe, maji, na watu wawili kwa kila meza. Mmoja anakagua, wa pili anaandika.

(a) Jozi. Weka soli juu ya soli. Je, zinalingana? Kuna wa kulia na wa kushoto? Namba ni moja?

(b) Soli. Ikunje sandali mara 30 mahali vidole vinapokunjika. Halafu pitisha ukucha pembeni. Ukucha ukiingia kati ya soli na ngozi, hiyo imekataliwa.

(c) Kanda. Vuta kila ukanda kwa nguvu pale unapoingia kwenye soli. Kwa jozi moja au mbili tu, tundika mtungi wa lita 10 uliojaa maji kwenye ukanda, uhesabu mpaka 60. Maji hayo yana uzito wa kilo 10 hivi. Hiki si kipimo cha maabara, lakini ukanda unaong'oka hapo utang'oka pia kwenye matatu.

(d) Misumari. Usipitishe mkono mtupu. Pitisha kitambaa ndani ya sandali. Nyuzi zikinaswa, kuna ncha ya msumari au ya waya.

(e) Rangi. Lowesha kitambaa cheupe kwa maji ya chumvi kidogo, mfano wa jasho, usugue ngozi mara 20. Rangi kidogo sana si neno. Kitambaa kikigeuka chekundu au cheusi, mguu wa mteja utageuka pia.

(f) Shanga. Vuta uzi kwa kidole na utazame fundo la mwisho. Uzi mmoja ukikatika, shanga za mstari mzima zinamwagika. Kwa sandali za watoto wadogo afadhali msiweke shanga kabisa, kwa sababu ikitoka huenda mdomoni na inaweza kumkaba mtoto.

(g) Kuteleza. Tembea polepole juu ya simiti iliyomwagiwa maji. Soli laini kama kioo ni hatari kwa wazee na kwa mama mjamzito.

(h) Harufu. Harufu kali ya gundi maana yake bado haijakauka. Zianikwe kivulini penye upepo kabla ya kufungwa. Msizifunge ndani ya nailoni zikiwa na unyevu, zitaota kuvu.

3. MKAGUE JOZI NGAPI?

Zikiwa chache, kagueni zote. Zikiwa nyingi, kuna kanuni ya kimataifa ambayo wakaguzi wa viwandani hutumia, inaitwa ISO 2859. Kwa mzigo wa jozi 200, kiwango chake cha kawaida ni kukagua jozi 32. Mkipata mbaya 2 au pungufu, mzigo unakubaliwa, na hizo 2 zinabadilishwa. Mkipata 3 au zaidi, mzigo mzima unarudi kwa fundi akautengeneze. Namba hizo ni za makosa makubwa kama soli kuachana, kwa kiwango ambacho wanunuzi wengi hukitumia.

Lakini kosa linaloweza kumuumiza mtu, kama msumari, halina msamaha. Mkipata jozi moja tu yenye msumari, kagueni zote 200.

Jambo kubwa ni kuchagua bila upendeleo. Toa chini ya gunia, katikati, pembeni, na katika kila gunia. Zile mbili za juu ndizo zilizotudanganya sisi.

4. MAMBO AMBAYO MACHO HAYAONI

Ngozi nyingi duniani hutengenezwa viwandani kwa dawa ya kromiamu. Ikitengenezwa vizuri haina taabu. Ikitengenezwa vibaya, au ikipigwa na joto kali, sehemu ya dawa hiyo inaweza kugeuka kuwa aina inayoitwa kromiamu ya sita, ambayo huwasha ngozi ya mtu na kumletea vipele visivyoisha. Tangu Mei 2015 nchi za Umoja wa Ulaya zinakataa ngozi inayogusa mwili ikiwa na miligramu 3 au zaidi za kromiamu hiyo katika kila kilo. Kwa hivyo mnunuzi wa ng'ambo akiwauliza cheti cha maabara, si ati anawasumbua. Sheria ya kwao inambana.

Ulizeni ngozi ilitoka kiwanda gani, na muombe risiti. Ngozi iliyotengenezwa kwa magome ya miwati haitumii kromiamu. Ukiikata, mara nyingi utaona rangi ya kahawia mpaka ndani, wakati ile ya kromiamu huonekana ya samawati au kijivu katikati kama haikutiwa rangi mpaka ndani. Hiyo ni dalili tu. Hakika hupatikana maabara. Vile vile, chuma cha kufungia ukanda chenye madini ya nikeli huwasha watu wengine, basi mteja akilalamika, msimcheke. Andikeni.

5. NENDENI MKAONE MAHALI ZINAPOTENGENEZWA

Hapa akina mama wengi huniuliza: hiyo si kazi ya fundi? Gundi inatuhusu nini?

Inawahusu. Mwishoni mwa miaka ya 1950, mjini Osaka huko Ujapani, sandali za mtindo zilizopewa jina la mwigizaji Audrey Hepburn zilipendwa sana. Familia nyingi maskini zilizibandika nyumbani, kwenye vyumba vidogo, usiku na mchana. Gundi ile ilikuwa na dawa iitwayo benzini, ambayo huharibu damu. Watu waliugua na wengine wakafa kwa sababu ya sandali za urembo. Mwaka 1959 serikali yao ikapiga marufuku gundi ya namna hiyo. Miaka michache baadaye, huko huko Ujapani, watengenezaji wa sandali waliotumia gundi yenye dawa nyingine, heksani, walidhoofika miguu na mikono kwa sababu mishipa ya fahamu iliharibika.

Sisi pia gundi tunaijua. Ni jamii ya ile ambayo watoto wa mitaani huinusa kwenye chupa. Mkimtembelea fundi, tazameni:

- Je, anabandika nje au penye madirisha wazi, au ndani ya chumba ambamo watoto wanalala?
- Kuna jiko, mshumaa au sigara karibu? Mvuke wa gundi hushika moto haraka.
- Mkebe umefunikwa? Anatumia brashi au vidole?
- Je, kuna mtoto au mama mjamzito anayesaidia kubandika?

Sheria ya Usalama na Afya Kazini ya mwaka 2007 inamhusu hata fundi anayejiajiri.

Na mkitazama vizuri, usalama na ubora hapa ni kitu kimoja. Fundi mzuri hukwaruza ngozi na soli kwa msasa, hupangusa vumbi, hupaka gundi pande zote mbili, huacha mpaka ikaribie kukauka, ndipo anagandisha na kugonga kwa nyundo. Anayebanwa na haraka ndani ya chumba kidogo huruka hatua mbili, halafu soli inaachana. Haraka haraka haina baraka.

6. ALAMA YA UBORA

KEBS, shirika la serikali la viwango vya bidhaa, lipo tangu mwaka 1974. Bidhaa ya kiwandani iliyopitishwa huwa na alama yake na namba ya kibali chini yake. Mkinunua soli au viatu vya kiwandani, itafuteni. Kikundi kinachotaka kuuza kwa jina lake chenyewe kiende kuuliza katika ofisi ya KEBS iliyo karibu jinsi ya kuomba kibali, kabla ya kuchapisha jina lolote kwenye soli. Katiba ya 2010, Kifungu cha 46, inampa kila mnunuzi haki ya kupata bidhaa ya ubora unaofaa na kulindwa afya yake. Mnaponunua, haki hiyo ni yenu. Mnapouza, ni ya mteja wenu.

7. PESA ITOKE KWA HATUA

Tuseme jozi 200 kwa shilingi 500 ni shilingi 100,000. Mpeni fundi 40,000 za kununulia ngozi na soli, na risiti iandikwe. Zile 60,000 zikae kwa mweka hazina mpaka ukaguzi uishe. Mzigo ukipita, alipwe siku hiyo hiyo, si wiki ijayo. Fundi naye ana watoto. Ukikataliwa, apewe muda wa kurekebisha, tuseme wiki moja, kisha mkague upya. Kila jambo liingie kwenye kitabu, kwani mali bila daftari huisha bila habari.

Nirudi kwa kile kikundi. Mwaka uliofuata walirudi kwa fundi yule yule, wakiwa na sampuli na karatasi. Walikagua jozi 32, wakapata 4 zimeachana soli. Wakakataa. Nilidhani kutakuwa na maneno. Fundi akakaa kimya kidogo, akasema, "Mwaka jana hakuna aliyeniambia mnataka nini. Mliniambia tu zifike Ijumaa." Akazibandika upya, zikapita, akalipwa papo hapo. Mpaka leo ndiye fundi wao.

MASWALI YA KUJADILI KIKUNDINI

1. Mara ya mwisho kikundi kilipopata hasara ya mali mbovu, nani alikagua, na aliandika wapi?
2. Ni wanachama gani wawili wanafaa kuwa wakaguzi? Je, kuna aliye ndugu wa fundi?
3. Mna sampuli yenye sahihi? Kama hamna, mtaipata kabla ya siku gani?
4. Nani atamtembelea fundi kabla ya kuagiza tena, na ataangalia mambo gani manne?

ZOEZI: Kila mmoja aje mkutano ujao na sandali anazovaa nyumbani. Zikagueni kwa hatua (a) mpaka (h), mhesabu ni ngapi zingepita.