Mcheke, Ila Msikilize Kwanza

Shangazi,
Mume wangu hufanya kazi katikati ya jiji. Kila jioni akifika hapa Kangemi huanza kusoma mashtaka: makanga kapandisha nauli kwa sababu ya manyunyu tu, kisha kakwama na chenji yake, jirani kaanika blanketi kwenye kamba yetu, fundi wa sofa alichukua 8,000 tangu Machi na sasa hashiki simu. Anavyosimulia, mimi na watoto hucheka hadi machozi. Wiki hii amenyamaza. Anakula, analala. Nimemkosea?
Mama Watatu

Mama Watatu,
Kicheko chenu hakina ubaya. Tatizo ni kwamba kilimkata kauli. Mumeo hushinda akivumilia: msukumano wa stejini, foleni ya Waiyaki Way, makanga asiyejibu. Nyumbani ndipo anapotarajia kusikizwa.

Bila shaka unakijua Vioja Mahakamani, kipindi cha KBC kilichoanza enzi za Sauti ya Kenya. Kina Ondiek Nyuka Kwota na Makokha walifikishwa kortini kwa visa vidogo vidogo vya mtaani, nasi tukavunjika mbavu. Lakini hakimu hakuwacheka. Aliwaacha wajitetee, akauliza maswali, ndipo akatoa uamuzi. Mumeo naye anamhitaji hakimu wa aina hiyo mezani pake.

Ukimsikiliza vizuri utagundua kwamba mashtaka yake hayalingani uzito. Nauli ya mvua kila abiria wa Nairobi anaijua. Hiyo ichekeni pamoja. Blanketi linamalizwa kwa neno moja la upole kwa jirani. Lakini 8,000 ni jasho lake, na hapo hapana mzaha. Mshauri amwandikie fundi ujumbe wa kudai pesa na autunze pamoja na risiti au rekodi ya M-Pesa. Fundi akikaidi, ipo Mahakama ya Madai Madogo, Milimani, iliyoundwa kwa sheria ya 2016. Husikiliza madai yasiyozidi shilingi milioni moja, mtu anaweza kujisimamia bila wakili, na sheria inaitaka iamue kesi ndani ya siku 60.

Leo umpakulie chakula, uketi karibu naye, umwombe radhi, kisha umwulize habari za yule fundi. Watoto nao uwafunze kungoja baba amalize. Akianza kucheka mwenyewe, chekeni naye kwa moyo wote.
Shangazi