Nicodemus: Kijiji Kilichopitwa na Gari la Moshi

Katika masomo ya jiografia tumezoea kusoma habari za miji mikubwa, bandari na viwanda. Somo la juma hili ni la kijiji kidogo mno. Katika hesabu ya watu ya mwaka 2020 kijiji hicho kilikuwa na wakazi 14 tu. Jina lake ni Nicodemus, nacho kiko katika jimbo la Kansas, katikati ya nchi ya Marekani. Ingawa ni kidogo hivyo, kina historia inayompasa kila mkulima na kila mwanafunzi kuijua.

Mahali Kilipo

Nicodemus iko katika wilaya ya Graham, kaskazini-magharibi ya Kansas, karibu na tawi la kusini la mto Solomon. Nchi ile ni uwanda mpana wa nyasi. Miti ni haba, nayo huota zaidi kandokando ya mito. Upepo huvuma bila kizuizi, baridi ya kipupwe ni kali, na siku za kiangazi jua huchoma sana. Mvua haitegemeki, lakini mwaka ikinyesha vizuri ngano husitawi.

Kwa sheria za Marekani mahali hapo si mji. Hapana meya wala baraza la mji, na mambo ya utawala yamo mikononi mwa wilaya.

Kuja kwa Watu

Utumwa ulikomeshwa katika Marekani yote mwaka 1865, lakini waliokuwa watumwa hawakupewa ardhi. Wengi walibaki wakilima mashamba ya wengine, nao walionewa na kutishwa. Kwa upande mwingine, kulikuwa na sheria ya mwaka 1862 iliyomruhusu mtu kupata ekari 160 za ardhi ya serikali, kwa sharti la kukaa juu yake na kuilima kwa miaka mitano.

Mnamo mwezi wa Aprili 1877 ikaanzishwa kampuni ya kujenga mji wa Watu Weusi huko Kansas. Rais wake alikuwa W. H. Smith, mhubiri Mweusi, na mtunza hazina alikuwa W. R. Hill, Mzungu aliyefanya biashara ya ardhi. Matangazo yakapelekwa hata jimbo la Kentucky, yakiisifu nchi hiyo mpya. Kundi la kwanza lilifika mwezi wa Julai, na mwezi wa Septemba wakaja wengine zaidi ya 300 kutoka Kentucky. Gari la moshi liliwashusha mahali paitwapo Ellis, na kutoka hapo iliwabidi kusafiri zaidi ya maili 30 uwandani.

Walipofika hawakuona mji. Kwa kuwa hapakuwa na mbao, watu walikaa katika mashimo waliyoyachimba ardhini na kuyaezeka kwa matawi na udongo wenye nyasi. Bibi Willianna Hickman, aliyefika mwaka 1878, alisimulia baadaye kwamba mumewe alimwonyesha moshi uliokuwa ukitoka ardhini, akamwambia kuwa hapo ndipo Nicodemus. Bibi huyo akalia machozi.

Baadhi ya watu walirudi walikotoka. Waliobaki hawakuwa na chakula cha kutosha, na wanyama wa kulimia walikuwa wachache mno, hata wengi wakalima kwa jembe na sepetu. Katika kipupwe cha kwanza watu wa kabila la Osage, wenyeji wa asili wa Marekani, waliwagawia chakula walipokuwa wakirudi kutoka mawindoni. Hivyo ndivyo walivyookoka.

Kusitawi Kwake, na Habari ya Reli

Kwa bidii yao mashimo yalifuatwa na nyumba za udongo, na baadaye nyumba za mawe. Shule ikafunguliwa, makanisa yakajengwa, na maduka na hoteli zikawapo. Kufikia mwaka 1887 kulikuwa na magazeti mawili. Edward P. McCabe, aliyekuja kukaa huko mwaka 1878, alichaguliwa mwaka 1882 kuwa mkaguzi wa hesabu za jimbo zima la Kansas. Ni jambo la ajabu, kwani miaka 20 kabla ya hapo mamilioni ya Watu Weusi walikuwa wangali utumwani.

Ndipo lilipokuja jambo la reli. Katika siku zile mji uliopata kituo ulipata wateja, barua na soko la mazao. Mji usiopata ulinyauka. Mwaka 1887 wakazi walipiga kura kukubali deni la dola 16,000 ili kuivuta reli ije kwao. Lakini mwaka 1888 matumaini hayo yalivunjika. Reli ilijengwa ng'ambo ya kusini ya mto, na penye kambi ya wajenzi pakazuka mji mwingine, Bogue, maili chache tu kutoka hapo. Wenye maduka wakafunga, na wengine wakahamia Bogue.

Hesabu ya Watu Yapungua

Wafanya biashara waliondoka, lakini wakulima wenye ardhi walibaki. Baadaye ukaja ukame na dhoruba za vumbi za miaka ya 1930, pamoja na uhaba wa fedha ulioenea nchi nzima. Mwaka 1935 walikuwa wamesalia watu 76. Posta ilifungwa mwaka 1953, na vijana waliendelea kuhamia mijini kutafuta kazi.

Hata hivyo, kuvunjika kwa koleo si mwisho wa uhunzi. Tangu miaka ya kwanza wakazi walifanya sikukuu ya uhuru tarehe 1 Agosti, kukumbuka siku ya mwaka 1834 ulipokomeshwa utumwa katika visiwa vya Karibi vilivyotawaliwa na Uingereza. Sikukuu hiyo yaendelea hata leo, nayo hufanywa mwishoni mwa mwezi wa Julai. Wazao wa walowezi wa kwanza hurudi kutoka majimbo ya mbali, nao hula na kusali pamoja katika ardhi ya babu zao. Mwaka 1996 serikali ya Marekani ilikifanya kijiji hicho kuwa mahali pa kumbukumbu ya taifa, na majengo matano ya zamani yanatunzwa.

Basi, msomaji, hesabu ya watu hutuonyesha ni wangapi waliolala mahali fulani siku ya kuhesabiwa. Haituonyeshi ni wangapi wanaopaita nyumbani. Reli iliondoa maduka ya Nicodemus, lakini haikuweza kuondoa ardhi iliyokwisha kulimwa, wala kumbukumbu za wale walioilima.

Maswali
1. Kwa nini walowezi wa kwanza walikaa katika mashimo?
2. Nani waliondoka reli ilipopita kando, na nani walibaki? Eleza sababu.
3. Katika kijiji chako, ni jambo gani linalowarudisha nyumbani waliohama?