Andalio la Somo: Soseji na Viazi, Sufuria Moja, Watu Watano

Wanachuo wenzangu, zile wiki za mwisho wa muhula kila mtu anazijua. Bumu limekata, testi zimepangana kama daladala za Mbagala saa kumi na mbili jioni, na mama ntilie ameshaanza kulifungua daftari la madeni kabla hujaagiza. Katika wiki kama hiyo, kundi letu la diskasheni, watu watano, tuliamua kuchanga elfu tatu tatu tupike msosi mmoja wa maana geto kwangu, Mtoni kwa Aziz Ali.

Nilijitolea kupika. Nilikuwa nimeona video ya soseji na viazi vinavyookwa pamoja kwenye chombo kimoja, nikajiaminisha kwamba hakuna kitu hapo. Nikatupia vyote kwa mkupuo: viazi vibichi, nyanya, vitunguu, soseji, maji. Saa mbili usiku viazi vigumu. Saa mbili na nusu bado vigumu. Saa tatu soseji zimepasuka, rojo limekauka, na kiazi kinalia kacha mdomoni. Mwenzetu mmoja anayekaa Chamazi ilibidi awahi gari. Akaniambia, "Usijali ndugu yangu, mimi hata hivyo nimeshiba." Akaondoka.

Wiki moja baadaye, tukiwa wawili tu kituoni, ndipo aliponiambia ukweli. Siku tatu zile alikuwa anaishi kwa chai ya rangi na andazi. Ile elfu tatu aliyochanga ndiyo ilikuwa ya mwisho, alibakiza nauli tu. Ameniruhusu kuandika haya mradi nisitaje jina lake. Mimi nikajiona nimekula fedha ya mtu na kumrudisha kwao na njaa, kwa sababu ya kutojua jambo ambalo lingenichukua dakika tano kuuliza.

Kwa hiyo makala hii nimeiandika kama andalio la somo, sisi wa ualimu tumeshazoea. Lengo mahususi: hadi mwisho wa somo, msomaji aweze kupika soseji na viazi vya kuwashibisha watu watano, bila ovena, kwa muda usiozidi saa moja na nusu. Na viazi viive.

Kosa lilikuwa wapi?

Asubuhi ya pili nilimkuta mama mwenye nyumba uani anapepeta mchele.

"Shikamoo mama."

"Marahaba mwanangu. Jana ulikuwa unapika nini mpaka usiku ule?"

Nikamweleza. Alicheka mpaka akauweka ungo chini. "Nyanya na kiazi kibichi havipatani, mwanangu. Kiazi kianze peke yake, kikishalegea ndipo ukipe nyanya." Nilipolalamika kwamba sina ovena, akanishangaa. "Ovena ya nini? Mkate wa kumimina sisi tunauoka kwa kupalia."

Mimi nasomea kufundisha kemia, na jibu lile lilikuwa ndani ya daftari langu muda wote. Seli za kiazi zimeshikana kwa pektini, mfano wa saruji kati ya tofali na tofali. Maji ya moto yakiilegeza pektini, seli zinaachana na kiazi kinakuwa laini. Lakini nyanya ina asidi, na pektini ikiwa kwenye asidi hailegei kwa urahisi. Unaweza kuchochea makaa mpaka usiku wa manane, kiazi kitabaki na ukaidi wake. Mama yule hajui neno pektini, ila anajua kiazi. Mimi nilijua pektini, kiazi kikanishinda.

Chakula chenyewe

Wenzetu wa Ulaya mlo wa namna hii huuita kaseroli, kutoka neno la Kifaransa la chombo cha kupikia. Pale Dublin, Ireland, wana chao kinachoitwa coddle: soseji, nyama ya nguruwe, viazi na vitunguu vinavyochemka taratibu, njia yao ya zamani ya kumalizia mabaki ya jikoni. Kwa hiyo usidhani ni chakula cha hotelini. Hata kiazi mviringo hakikuanzia Ulaya ingawa wengine tunakiita kiazi ulaya. Asili yake ni milima ya Andes, Amerika ya Kusini. Vingi tunavyokula Dar vinashuka na malori kutoka Nyanda za Juu Kusini, hasa Njombe na Mbeya.

Mahitaji ya watu watano

Viazi mviringo kilo moja na nusu. Soseji za ng'ombe au kuku nusu kilo. Vitunguu maji vitatu, nyanya tano zilizoiva, karoti mbili, hoho moja, kitunguu saumu punje nne. Nazi moja, ukamue tui zito kikombe kimoja. Vipande vitatu vya mkate wa jana, uvisage kwa mikono viwe chenga. Mafuta vijiko vitatu, bizari kijiko kimoja cha chai, pilipili manga, chumvi kidogo. Anayependa pilipili mbuzi aiweke nzima bila kuitoboa.

Dondoo za sokoni. Kiazi chenye rangi ya kijani kiache, hasa kama ni chungu ukikionja. Kina sumu iitwayo solanini. Kwenye soseji, angalia pakiti. Ukiona barafu imegandamana ndani kama jiwe, huenda umeme ulikatika, zikayeyuka, zikaganda upya. Nenda duka jingine. Kisha soma lebo. Katika kundi letu wawili ni Waislamu, na hakuna aibu kubwa kama kumwita mtu mezani halafu ashindwe kula. Hakikisha nyama ni ipi na kama ina alama ya halali.

Hatua

Kwanza, menya viazi, kata vipande vya unene wa kidole, viloweke kwenye maji visiwe vyeusi. Kisha vichemshe kwa maji yenye chumvi kidogo. Yakishachemka, hesabu dakika kama kumi. Kisu kiingie kwa kusukumwa, kisizame chenyewe. Mwaga maji lakini bakiza nusu kikombe.

Pili, wakati viazi vinachemka, au baada yake kama una jiko moja kama mimi, kaanga soseji zilizokwisha kuyeyuka barafu. Moto wa wastani, ukizigeuza mpaka ziwe na rangi ya kahawia pande zote. Moto mkali unazipasua nje na kuziacha mbichi ndani. Zitoe, kata kila moja mara tatu. Mafuta yaliyobaki usimwage, utamu wote umo humo.

Tatu, kwenye mafuta yaleyale kaanga vitunguu mpaka viwe vya dhahabu. Weka kitunguu saumu, karoti, hoho na bizari. Halafu nyanya. Pika kama robo saa mpaka nyanya isagike na mafuta yajitenge. Onja kabla ya kuongeza chumvi, kwa sababu soseji zenyewe zina chumvi ya kutosha.

Nne, panga. Tabaka la viazi chini, soseji na nusu ya rojo juu yake, viazi tena, kisha rojo lililobaki. Changanya tui zito na yale maji ya viazi uliyobakiza, mimina taratibu. Juu kabisa nyunyiza chenga za mkate.

Tano, palia. Punguza makaa ya chini yabaki machache, funika sufuria kwa mfuniko wa bati au alumini usio na kishikio cha plastiki, kisha panga makaa ya moto juu ya mfuniko. Moto wa juu uwe mwingi kuliko wa chini. Hapo tui halitatokota kwa fujo na kukatika, chini hakutaungua, na chenga za mkate zitakauka na kuwa na rangi. Baada ya dakika ishirini chungulia, ukiinua mfuniko kwa uangalifu majivu yasidondoke ndani. Ukiona kingo zinatoa mapovu na juu kumekuwa kahawia, epua. Acha dakika kumi rojo lijikusanye, ndipo upakue.

Wenye mtungi wa gesi msijione mmeachwa. Fuata hatua zote, ila mwisho funika na uweke moto mdogo kabisa kwa dakika kumi na tano. Chenga za mkate zikaange pembeni kwenye kikaango kikavu, unyunyize wakati wa kupakua. Na tukisema kweli, huko kwenye gesi ndiko tunakoelekea. Mkakati wa Taifa wa Nishati Safi ya Kupikia uliozinduliwa mwaka 2024 unalenga asilimia 80 ya Watanzania wawe wanatumia nishati safi ifikapo 2034.

Tahadhari

La kwanza ni la uhai. Jiko la mkaa lisiingie chumbani, hata mvua inyeshe, hata makaa yawe yamebaki kidogo. Mkaa hutoa hewa ya kaboni monoksaidi, ambayo haina harufu wala rangi, na inaua mtu aliyelala. Pika uani au barazani. Kama mvua ni kubwa, kuleni mkate.

La pili, soseji si chakula cha kila siku. Mwaka 2015 wakala wa utafiti wa saratani wa Shirika la Afya Duniani ilizitaja nyama zilizosindikwa, soseji zikiwemo, miongoni mwa visababishi vya saratani. Kwa hiyo huu uwe msosi wa siku moja moja. Na ukitoa soseji ukaweka maharage yaliyochemshwa, sufuria haitakukasirikia.

La tatu, tui halilali bila friji. Kama huna, pikeni kinachoisha.

Tathmini

Mara ya pili tulipika Jumamosi mchana, ili mtu wa mbali asikimbizane na gari. Tulibadilisha pia utaratibu wa kuchanga. Hakuna aliyetaja kiasi. Kila mmoja alileta alichonacho: mwingine nazi kutoka kwao Mkuranga, mwingine mkaa, mwingine sufuria kubwa ya dada yake. Mwenzetu wa Chamazi alikuja mikono mitupu, akachukua kisu na kumenya viazi vyote kilo moja na nusu, maganda membamba kama karatasi. Nilipopakua, sikumuuliza kama ameshiba. Nilimwongezea tu. Mwishoni ndiye aliyekwangua ukoko, huku akitufafanulia swali la tatu la testi ambalo sisi wanne lilikuwa limetushinda.

Katika andalio la somo huwa kuna sehemu ya tafakuri, mwalimu anapojiuliza nini kimefanyika na nini hakikufanyika. Yangu ni hii. Mara ya kwanza sikuharibu viazi tu. Nilipanga chakula cha usiku bila kufikiria nani anakaa wapi, na nikaweka kiwango cha mchango bila kufikiria nani anacho. Kwenye mapishi, dawa yake ni kuchemsha viazi kwanza. Kwenye kundi, dawa yake ni kuulizana mapema, na kuuliza kwa namna ambayo mtu hataona aibu kujibu.

Zoezi la nyumbani: kabla muhula haujaisha, pika sufuria moja kama hii na wenzako wa diskasheni. Yule ambaye kila mara husema ameshiba kabla chakula hakijaiva, mpe kisu amenye viazi, na umpakulie wa kwanza.