Mafunzo Matano Niliyopata Katika Nafasi za Pembeni

Nimezaliwa Murangi, mkoani Mara, na riziki yangu naitafuta Dar es Salaam kwa kuigiza. Mimi ndiye daktari anayeleta majibu, mjomba wa bibi harusi, polisi wa zamu. Sura yangu haikai kwenye bango, lakini kazi hii naipenda na imenifunza mengi.

1. Mhusika mdogo naye ana kwao. Nikipewa nafasi ya mvuvi, nawakumbuka wavuvi wa dagaa wa Ziwa Viktoria, wanaoingia ziwani jioni na taa zao na kurudi alfajiri. Mtu wa namna hiyo akikaribishwa sebuleni kwa tajiri, hakai kwenye kochi kama mwenye nyumba. Skripti haisemi hivyo. Ni juu yangu kuyaleta hayo.

2. Kusikiliza ni kuigiza. Nyota akilia mbele yangu, mtazamaji huniangalia mimi ajue kama kilio kile ni cha kweli. Nikiwaza zamu yangu ya kusema tu, nimemwangusha mwenzangu.

3. Usiifiche lafudhi ya kwenu. Chuo cha Sanaa Bagamoyo, kilichoanza 1981 na sasa kinaitwa TaSUBa, kinafundisha ngoma, muziki na maigizo. Mafunzo ni muhimu mno. Hata hivyo, Kiswahili chenye ladha ya Kijita, lugha ya kwetu, kimenipatia kazi ambazo sauti ya mjini isingenipatia.

4. Watu hukumbuka ukweli, si wingi wa sini. Jirani yetu Mkenya, Sidede Onyulo, aliigiza mpishi Owuor katika filamu ya Kijerumani *Nirgendwo in Afrika* ya 2001, iliyoshinda Oscar. Baadaye alionekana katika filamu ya Kiingereza *The Constant Gardener* ya 2005. Hadithi ile ya Wajerumani ni ya familia ya wakimbizi, lakini bila Owuor isingekuwa na moyo. Alivaa uhusika, hakuja kuuza sura.

5. Mkataba kwanza, kamera baadaye. King Majuto aliwachekesha Watanzania kwa miongo mingi hadi alipofariki tarehe 8 Agosti 2018. Mwaka huohuo, Majuto akiwa bado mgonjwa, Harrison Mwakyembe, aliyekuwa waziri wakati huo, aliunda kamati ya kupitia mikataba ya wasanii. Ikiwa gwiji yule alihitaji serikali imsemee, sisi wa pembeni tutapona kwa lipi? Siku hizi siingii lokesheni kabla ya kusaini karatasi inayotaja malipo, siku za kazi na matumizi ya picha yangu.

Kijana wa Murangi unayetamani kazi hii, njoo, ila soma mkataba kabla ya skripti. Nawe mtazamaji, filamu ikiisha usizime haraka. Yasome majina yote, hadi la mwisho. Wenye majina hayo wamefanya kazi.